Mtihani wa Maji Gatini

Nina kibanda cha chakula Shelui, pale malori yanapopumzika. Kwa kawaida napika vizuri, lakini kipindi kile wali uliungua na mchuzi wa kuku niliutia chumvi mara mbili. Wateja walivumilia kwa sababu walijua: binti yangu alikuwa Tanga, na alitakiwa aruke baharini.

Binti ni fundi wa kuchomelea. Alianza na mageti na madirisha hapahapa, akachukuliwa kwenye bomba la mafuta ghafi lilipopita mkoani kwetu, na kazi iliposogea mbele akasogea nayo hadi linapoishia, kwenye gati ambako meli zitakuja kupakia mafuta hayo. Aliponipa habari nilipiga vigelegele. Kisha akaniambia kwamba gati lenyewe ni kama daraja refu linaloingia baharini, na hakuna anayeruhusiwa kufanya kazi juu yake bila kufaulu mtihani wa maji. Unavaa jaketi la kuelea, unaruka, unaogelea mpaka kwenye ngazi. Yeye alikuwa amejaribu, akaganda ukingoni, wakamrudisha. Angejaribu tena mara moja tu. Akishindwa, ndiyo basi, anarudi kwenye mageti.

"Sasa shida nini, mwanangu? Si umesema jaketi linaelea?"

"Mama, nikiyaangalia yale maji nakusikia wewe."

Nilikasirika, lakini ni kweli. Kwetu maji mengi ni lambo la ng'ombe lililo karibu na nyumba, na mvua zikilijaza huwa linachukua watoto. Lilimchukua mtoto wa jirani yangu. Kwa hiyo miaka yote nilisimama mlangoni nikipiga kelele kwa Kinyiramba, "Toka majini!" na aliyechelewa kutoka nilimchapa. Sijuti hata leo. Wanangu wote wako hai.

Nikaanza kuwauliza madereva habari za bahari, na hapo nilijitafutia balaa. Mmoja akasema ukisimama ufukweni huoni ng'ambo. Mwingine, huku anatafuna firigisi, akasema kina cha pale gatini kinaweza kumeza mnazi mzima. Nikamwambia ale anyamaze. Kuna wakati nilitamani binti ashindwe tu, arudi nimwone jioni akinawa mikono uani, halafu nikajisonya mwenyewe, kwa sababu najua anavyoipenda ile kazi.

Asubuhi ya mtihani simu iliita nikiwa nakaanga chapati.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Umekula?"

"Mama, niko hapa ukingoni. Niambie niingie."

"Mimi tena? Si mwalimu wenu yupo?"

"Mwalimu ameshasema. Sema wewe. Kwa Kinyiramba."

Maneno hayo sikuwahi kumwambia mtoto yeyote, na sikujua yangetoka kwa sauti gani. Madereva walikuwa wameacha kula, wananitazama. Nikashika meza, nikapiga ileile kelele ya mlangoni kwangu:

"Ingia! Ingia majini!"

Akampa mwenzake simu. Nilisikia upepo, watu wakimhimiza, halafu kishindo cha maji. Baada ya hapo, upepo tu.

"Yuko wapi?" nikamuuliza huyo mwenye simu.

"Wewe kijana, nakuuliza, mwanangu yuko wapi?"

Chapati ilikuwa inaungua na hakuna aliyeigeuza. Nikakaa kwenye benchi katikati ya wateja.

"Ameshika ngazi, mama," kijana akasema. "Anapanda. Subiri nimsogezee simu."

Kisha nikamsikia mwenyewe, anakohoa na kucheka kwa pamoja.

"Mama! Kumbe yana chumvi kweli!"

Nilikuwa nalia mbele za watu, na hasira zimenipanda sijui kwa nani.

"Haya, nimesikia," nikamwambia. "Sasa toka majini."