Siku 61 Mbele ya Kayaki za Wengine

Saa moja asubuhi, Gundi amepiga magoti karakanani, anasugua kwa msasa tumbo la kayaki iliyopasuka. Jina hilo alipewa na wateja: chombo akikiziba yeye, hakivuji tena. Leo hata redio ameizima. Mtangazaji alikuwa anawasifu tena mashujaa wawili walioteremka mto mzima, kilomita 1,900, "peke yao, bila kiongozi."

"Peke yao," anasema, akisugua kama anayemsugua mtangazaji. "Mimi nilikuwa nani, kiboko?"

Mama huyu wa watoto watatu, mwenye miaka 44, aliwatangulia mashujaa hao siku zote 61 za safari. Ndiyo kazi ya kiongozi wa mtoni: anaingia kwanza kwenye maji ya kasi, anakagua miamba, kisha anainua kafi lake. Kafi likisimama, njooni. Likilala, tulieni hapo hapo. Basi kila kamera ilipotolewa, yeye alishapita kona. Katika picha mia nne hakuna hata kivuli chake.

Alipowapigia simu, walimwambia wanampenda kama dada. Ila wakimtaja, rekodi yao ya "bila msaada" inafutwa.

Upendo wa namna hiyo unauma. Kuanzia msimu ujao, asiye na leseni haruhusiwi kuongoza mtu mtoni, na leseni hapewi asiyemaliza mto mzima. Gundi alipokwenda kuiomba, karani wa ofisi ya mto alifungua faili, akamwonyesha taarifa ya safari.

"Mama, karatasi inasema walikuwa wawili."

"Hiyo karatasi ililowa wapi, mwanangu?"

Karani akauhamisha muhuri wake kutoka kulia kwenda kushoto. Mume wa Gundi, fundi cherehani, anasema siku hiyo mkewe alirudi nyumbani akaosha vyombo vilivyokwisha kuoshwa, na hakuna aliyethubutu kumkumbusha.

Kesho yake alirudi ofisini, akaomba kitabu cha kanuni, akakisoma kwenye benchi mpaka ufagio wa jioni ukamfikia miguuni. Akakuta kifungu: asiye na ushahidi anaweza kurudia safari, mradi mtumishi wa ofisi awe ndani ya chombo.

Ofisi nzima ina mtumishi mmoja: karani yule yule. Hajui kuogelea, na ameshauliza kama njiani kuna vyoo.

Wanaondoka mwezi ujao. Fundi cherehani anamshonea karani koti la kuelea, saizi kubwa, kwa usalama.

"Nimemwambia aje na kalamu ya wino usiofutika na maji," anasema Gundi. "Tukifika baharini, aandike tena watu wawili. Safari hii mmoja ni mimi."