Mche wa Badala

Kisawasawa, chini ya milima ya Udzungwa, anayetaka mche wa mchungwa huenda kwa Marsiana. Ni mjane wa miaka hamsini na nane, mfupi, na kidole gumba chake cha kushoto kimechongwa na kisu mara nyingi hadi ncha yake imekuwa bapa. Kazi yake ni kubebesha. Anaotesha mbegu za limao kwenye viriba vya plastiki, na shina likifikia unene wa penseli analichana gome, anapachika jicho la mchungwa mtamu, kichipukizi kilichokatwa na gome lake, na kulifunga kwa utepe wa nailoni. Baada ya wiki tatu anafungua. Jicho likiwa bado la kijani, mche umekubali.

Alifundishwa kazi hiyo akiwa na miaka kumi na tisa, na bruda mmoja aliyesimamia bustani ya misheni. Bruda alimwachia kisu na neno moja: mche ukifa, aliyekosea ni mbebeshaji. Marsiana akalifanya neno hilo kuwa kanuni yake. Kila anayechukua mche kwake huambiwa vilevile: "Ukifa, ung'oe uniletee na mizizi yake. Nitakupa mwingine." Na watu huleta. Yeye huugeuza, hukagua mizizi, huutupa kwenye lundo nyuma ya banda, kisha humpa mtu mche wa badala bila maswali. Kwa kanuni hiyo jina lake limevuka mto Kilombero hadi Malinyi.

Macho yote hutoka kwenye mti mmoja ulio katikati ya shamba. Aliupanda mwaka aliojifungua mtoto wake wa kwanza, na huuita mama. Michungwa yake mia moja na arobaini ni watoto wa mti huo. Miche iliyotoka nje ya shamba imepita elfu nne.

Miaka ya karibuni shamba limekuwa likipokea wageni. Beno, kijana anayetembeza watalii, huwaleta wakitoka kupanda milima. Wanazunguka kati ya mistari, wanachuma na kula palepale, wanatazama namna ya kubebesha, wanapiga picha na kuondoka. Marsiana huwaongoza mwenyewe. Tangu mwaka jana amebadilisha njia, haipiti tena katikati ya shamba. Beno alipouliza, aliambiwa kule kuna nyuki.

Alhamisi moja ya Julai, Marsiana alikuwa akipanga miche sitini karibu na lango. Ilikuwa ya Dionisi, mkulima kutoka upande wa Malinyi, ambaye angeifuata saa sita. Beno akafika na mgeni mmoja tu.

"Shikamoo mama. Leo nimekuletea mgeni mkali," alisema Beno. "Mzee Shemndolwa, mwalimu mstaafu. Amekuja kumwona binti yake Ifakara. Anatoka Muheza."

"Muheza kwenye machungwa yenyewe?"

"Kwenyewe."

"Sasa Beno, mtu wa Muheza unamleta kwangu aone nini? Si ungempeleka akaone tembo?" Marsiana alicheka, akapiga goti kidogo. "Shikamoo mzee."

"Marahaba. Tembo nimewaona kwenye kalenda," alijibu mzee. "Machungwa ndiyo nimeyakosa."

Alitembea polepole, mikono nyuma. Kwenye mstari wa pili alichuma jani, akalikunja katikati, akalikunjua na kulitazama tena. Lilikuwa na mabaka ya njano, na mabaka ya upande mmoja hayakufanana na ya upande wa pili. Mbele kidogo aliokota chungwa na kuomba kisu. Marsiana hampi mtu kisu chake, kwa hiyo alilipasua yeye.

Lilikuwa limepinda kama figo. Karibu na kikonyo lilikuwa limeiva, na chini lilikuwa bado kijani. Mbegu zilikuwa nyeusi na zimesinyaa.

"Mbegu zimefanya nini?" aliuliza mzee.

"Jua, mzee. Mwaka huu jua limekuwa kali."

"Jua linachoma mbegu na kuacha ganda?"

Marsiana alifuta kisu kwenye kitenge. Mzee akaonja kipande, akakitema kwa adabu pembeni.

"Macho unayatoa mti gani?"

"Huko hakupitiki, mzee," Beno alidakia. "Kuna nyuki."

Mzee hakumtazama Beno. Alimtazama mwenye shamba, na Marsiana akajikuta amechoka ghafla, kama mtu aliyebeba ndoo mbali mno.

"Hakuna nyuki," alisema. "Twendeni."

Mti mama ulikuwa wa kijani upande wa mashariki. Upande wa magharibi ulikuwa umegeuka njano, na matawi ya juu yalikuwa matupu. Mzee alivuta chipukizi moja karibu na macho yake. Vidudu vidogo kuliko punje za ufuta vilikuwa vimejipanga juu yake, vichwa chini, makalio juu.

"Nilikuwa na michungwa mia mbili," alisema. "Niliweka mbolea, nikaweka chokaa, nikapulizia dawa ya pamba. Nikamwita na shehe."

"Ukaishia na dawa gani?"

"Shoka. Na shoka nalo halikunisaidia, kwa sababu majirani hawakukata. Hawa wadudu wakinyonya mti mgonjwa wanahamia mzima. Mti mmoja ukibaki, kazi yote ni bure."

"Wanaruka hadi Malinyi?"

"Hapana. Wanaruka mwendo mfupi." Mzee aliachia chipukizi. "Mwendo mrefu ugonjwa hubebwa na jicho."

"Na anayelipachika," alisema Marsiana.

Marsiana alikuwa ameanza kupita nyumba kwa nyumba kichwani. Bibi Katarina wa ng'ambo ya barabara, aliyerudisha miche mara tatu na kubadilishiwa mara tatu. Sylvester, jirani wa uzio kwa uzio, mwenye miti thelathini. Kila aliyemletea mche uliodumaa alikuwa ameondoka na mwingine wa mti huohuo, tena akishukuru. Mtu asiye na kanuni angewaambia ni bahati mbaya, na ugonjwa ungeishia kwa mche mmoja.

Toyo, pikipiki ya mizigo ya magurudumu matatu, ililia langoni. Dionisi aliingia akipangusa vumbi usoni.

"Mbebeshaji wa taifa! Mzigo wangu tayari? Nimeshapiga mashimo sitini, samadi imelala wiki ya tatu. Yanasubiri wageni."

"Sikupi, Dionisi."

"Umeanza utani wako."

"Sikutanii. Miche haitoki."

Dionisi alimtazama Beno, halafu mzee, akitafuta mwenye kucheka. "Kuna tajiri kakuongezea dau. Sema tu, mama, mimi si mtu wa kununa."

"Na ile arobaini uliyonayo, ing'oe uichome."

"Ile iliyoanza maua?"

"Hiyo. Ina ugonjwa. Umetoka hapa."

Alieleza, na mzee akaongeza machache kuhusu wadudu. Dionisi alisikiliza hadi mwisho, kisha akamnyooshea mzee kidole. "Huyu mtu wa wapi? Muheza? Mama Marsiana, umekuwa mtoto? Wao wanauza machungwa Dar es Salaam nzima. Unategemea akwambie shamba lako liko salama?"

Wazo hilo lilikuwa limeshampitia Marsiana mwenyewe pale chini ya mti, na kwa kitambo kidogo lilikuwa tamu. Angeweza kulikubali. Mzee angepanda bodaboda na kwenda zake, miche ingepakiwa, na nyuki wangerudi mahali pao.

"Majani ya miti yako," alisema, "yana mabaka yasiyofanana upande na upande?"

Dionisi alivua kofia. "Wewe si ulisema ni kukosa mbolea?"

"Nilisema."

"Ulikuwa unajua?"

"Nilikuwa naona. Sikutaka kujua."

"Tangu lini?"

"Tangu mwaka jana."

"Mwaka jana," alirudia Dionisi taratibu. "Mwaka jana ndio ulinipa ishirini ya badala. Nikakuletea na kambale, asante yangu."

"Ulileta."

Dionisi alivaa kofia yake, akageuza toyo tupu. Mzee Shemndolwa naye aliaga.

Mchana huo Marsiana alichana viriba vyote, mia tisa na kitu, kimoja kimoja, kwa kisu cha bruda. Ijumaa na Jumamosi mafundi wawili waliuangusha mti mama. Ndani ya gogo hapakuwa na doa. Fundi mmoja alilipigapiga kwa kiganja, akasema ni dhambi kukata mti mzima kiasi hicho. Marsiana alimwambia aendelee.

Jumapili, baada ya matangazo, katekista alimpa nafasi mbele ya waumini wa kigango. Alizungumza kwa dakika chache. Alisema yeye ndiye aliyeleta ugonjwa, kwa mkono wake, na kwamba aliona dalili mwaka mzima na kunyamaza. Aliwaomba wote wenye michungwa yake waing'oe, kwa kuwa ukibaki mti mmoja yote ni bure, na kwa hiyo hata anayepanda mingine miaka ijayo atapoteza.

Bibi Katarina alinyoosha mkono kama mtoto wa shule.

"Tukishang'oa, utatupa mingine?"

"Sina, bibi."

"Utakuwa nayo lini?"

"Sitakuwa nayo."

Watu walitoka nje bila kelele. Wengine walimsalimia. Wengi walikumbuka haraka jambo la kufanya nyumbani.

Jumanne asubuhi Bibi Katarina alikuwa langoni na michungwa mitatu mabegani, udongo ukidondoka mgongoni mwake.

"Si ulisema na mizizi yake?" Akaitua chini na kukaa juu ya jiwe kupumzika. Marsiana aliigeuza kwa mazoea, akaikagua, akaitupa kwenye lundo. Bibi alibaki ameketi muda kidogo zaidi ya ilivyohitajika, akiutazama mkono wa Marsiana. Mkono haukuleta kitu. Aliinuka na kuondoka.

Kanuni ilikuwa imewakaa watu. Wiki hiyo walileta kwa baiskeli, kwa mkokoteni, kwa kichwa, wengine kutoka vijiji ambavyo Marsiana hakujua habari zimefikaje. Hakuna aliyemtukana. Walitua mzigo, wakasubiri kidogo kama walivyozoea, wakaenda. Dionisi alifika Jumamosi na toyo mbili. Hakusalimia. Alimwaga miti yake mbele ya lango, maua yakiwa bado yananukia, akaondoka injini ikiwa haijazimwa. Marsiana aliihesabu. Ilikuwa arobaini kamili. Dionisi, aliyekuwa na sababu kubwa kuliko wote ya kumkatalia, hakuwa amebakiza hata mmoja.

Hadi mwisho wa Agosti alikuwa akikata michungwa yake yote na kuichoma pamoja na lundo. Moshi wa michungwa mibichi ni mzito na mchungu, na ulilala juu ya Kisawasawa asubuhi nzima. Watu walifunga madirisha. Beno alipita mara moja, akauliza kama awaambie wageni shamba limefungwa. Marsiana alimjibu kwamba hakuna shamba.

Nyuma ya uzio wake iko miti thelathini ya Sylvester, yenye mabaka, imejaa machungwa yaliyopinda. Kila asubuhi Marsiana hupiga hodi. Sylvester hamfokei. Humpa kigoda, humwulizia hali ya watoto wake, humsikiliza aeleze yaleyale ya wadudu na mti mmoja kubaki. Ni mtu mstaarabu, na jibu lake ni lilelile.

"Mama, kanuni ni yako, mimi sikuitunga," husema. "Niletee wa badala kwanza, hata huo mmoja. Nikishaushika mkononi, nang'oa yote."

Marsiana hushukuru kwa kigoda, hurudi kwake, na kesho yake huenda tena. Mikono yake ni mitupu.