Babangu, muhuri na nafasi yangu ya udaktari

Wakuu, asalaam aleikum na habari za jioni kwa wote. Leo nimekaa vizuri na chai yangu, nawapa kisa changu mwenyewe. Sitii chumvi, na nikitia, shangazi yangu wakili yumo humu jukwaani, atanisuta mbele yenu.

Mimi ni msichana wa Mji wa Kale, Mombasa. Matokeo ya kidato cha nne yalipotoka niliomba kusomea udaktari katika chuo kimoja cha binafsi hapa kisiwani. Jina silitaji, mtaona mbele kwa nini.

Chuo kilitangaza wazi: nafasi arobaini, zinagawanywa kwa alama, mwenye nyingi ndiye wa kwanza. Orodha ikabandikwa ubaoni, mimi wa tisa. Mama akapika biriani kama kuna arusi.

Kilichobaki ni kurudisha fomu ya kukubali nafasi kabla ya Ijumaa.

Hapa ndipo aingiapo babangu. Kazi yake ni kutoa mizigo ya watu bandarini Kilindini, miaka na miaka, na kazi yenyewe ni karatasi tupu. Basi ana ada moja: hampi mtu karatasi mpaka kopi yake igongwe muhuri wa kupokelewa, iandikwe saa na itiwe saini. Mama husema hata siku ya nikahi yao alitaka kopi mbili.

Jumanne tukapita Makadara kutoa kopi, tukaenda chuoni. Dada wa mapokezi akaichukua fomu, akaitupia juu ya rundo, akatwambia tumemaliza. Baba akasukuma kopi mbele, akaomba muhuri. Dada akasema hawana utaratibu huo, hapa si bandarini.

"Najua," baba akasema kwa upole. "Bandarini wangekuwa washagonga."

Kisha akaketi. Wallahi aliketi!

Foleni nzima inatutazama, wakiwemo wenzangu niliosoma nao. Mimi nikahamia mwisho wa benchi, nikajifanya nasoma simu, kama simjui. Nilitahayari, na nilimkasirikia kwelikweli.

Ilipita karibu saa nzima. Dada alipochoka naye, akagonga muhuri kwa kishindo, akaandika saa, akatia saini. Kurudi nikatangulia mbele, nikamwacha babangu nyuma.

Wiki mbili baadaye orodha ya mwisho ikatoka.

Simo.

Waliokuwa chini yangu wamo, tena na wengine wawili ambao tangu mwanzo hawakuwamo kabisa. Kuuliza, najibiwa sikurudisha fomu kwa wakati, ati daftari la mapokezi halina jina langu. Nililia, jamani. Masomo yalikuwa yaanze baada ya siku chache, na mimi sikuwa nimeomba kwingine.

Shangazi, dada yake baba, akafungua kesi chapuchapu. Hoja yake ilikuwa fupi: mlisema alama, basi fuateni alama. Tukaambatanisha nakala ya ile kopi. Chuo kikajibu kwamba haisomeki vizuri, na huenda muhuri si wao.

Siku ya kusikizwa, jaji akauliza kama kopi yenyewe iliyogongwa ipo.

Baba akasimama na faili lake la kazini bandarini. Akatoa karatasi ndani ya plastiki, safi, wino wa zambarau: tarehe, saa nne na dakika kumi, saini.

Jaji akaitazama, akampa wakili wa chuo. Yule bwana naye akaitazama, akanong'ona na watu wake, akaomba dakika chache nje. Waliporudi wakakubali: muhuri ni wao, saini ni ya dada wa mapokezi, nafasi yangu nirudishiwe, na orodha ibandikwe upya na alama za kila mtu zionekane. Jaji akaandika iwe amri.

Shangazi alinikumbatia. Mimi nilikuwa namtazama baba, nikiona haya kuliko hata siku ile ya benchi. Tulipotoka nikamwomba msamaha.

"Kwa lipi?" akasema. "Twende tukale, mimi nina njaa."

Jumatatu nikaenda kujisajili. Dada wa mapokezi kuniona tu, hata sijafungua mdomo, akavuta muhuri akagonga kopi yangu. Akanituma nimsalimie mzee, tukacheka sote wawili.

Mzee mwenyewe alikuwa akinisubiri langoni. Akavaa miwani, akaikagua kopi juu hadi chini.

"Saini iko wapi?"

Sikubishana. Nilirudi ndani mbio.

Nililojifunza, wakuu: alama zako ni zako, lakini uwe na karatasi ya kuonyesha siku utakapoambiwa huna. Mliowahi kurukwa kwenye orodha kama mimi, semeni hapa mlifanyaje, nasoma yote. Na wenye wazazi wasumbufu kama wangu, tafadhalini, ketini nao benchi moja.