Kamera Ndani ya Eda

Mkoba wa kamera wa Ami Othman ulinuka vidonge vya kufukuzia mende. Harufu hiyo, nikiipata leo kwenye kabati la mtu, nalifunga upesi. Ami alikuwa mdogo wake baba, na kwetu Kiuyu ndiye mtu wa mwanzo kutengeneza filamu. Alikwisha kuandika riwaya mbili na alikuwa akipeleka habari gazetini Unguja, kwa hiyo watu walimwamkia kwa adabu hata pale alipowaandika vibaya. Mimi sikumpenda. Alimtazama mtu kama anayemkata vipande, achague kipi cha kutumia.

Mwaka niliokuwa na miaka tisa baba alifariki, na mama akaingia eda. Kwa miezi minne na siku kumi alikaa chumbani, hajipambi, na mwanamume asiyekuwa maharimu wake hamwoni. Ami, shemeji yake, alizungumza naye nje ya pazia tu. Wakati huo alikuwa akitengeneza filamu ya mjane, na wanawake aliowachagua kuigiza, alilalamika, walilia kama waliobanwa kidole na mlango. Adhuhuri moja akaniita ukumbini. Akaniambia sharti ni mwanamume asiingie, na yeye haingii; nitaingia mimi, binti wa mama, na kamera si mwanamume. Aliyasema hayo kwa upole wa mtu aliyekwisha kuuliza fatwa, ingawa hakuuliza popote. Akaniwashia kamera, akaifunika kanga na kuacha kioo tu nje.

Nimejiuliza mara nyingi kama nilijua. Nikisema sikujua, naikumbuka ile kanga: kitu kisicho na ubaya kinafunikwa cha nini? Nikisema nilijua, nakumbuka furaha ya kukabidhiwa kitu ambacho hata kaka zangu hawakuruhusiwa kukigusa. Mama alikuwa juu ya mkeka, ameegemea kitanda, fulana ya baba mapajani. Nywele zake zilikuwa wazi. Aliniona mimi, hakukiona nilichobeba.

"Hebu toka, mwanangu," alisema. "Niache nilie."

Sikutoka. Nilisimama mpaka mikono ikachoka.

Filamu ilioneshwa kabla eda haijaisha, baada ya sala ya alasiri, katika darasa la skuli lililozibwa madirisha kwa majamvi. Waigizaji walipita, watu wakacheka. Kisha akatokea mama, mbele ya darasa zima, wanaume safu za mbele, wanawake nyuma. Sauti yake ilipotoka hakuna aliyedhani anaigiza. Bi Zuwena, jirani yetu, alinyanyuka akatoka na viatu mkononi, akafika kwetu kabla yangu, akamweleza mama. Mama hakunipiga. Aliniuliza jambo moja: "Ulichobeba kilikuwa kizito?" Nikamwambia ndiyo. Akageukia ukuta. Tangu siku ile, kila nikiingia chumbani, alijifunika kichwa kwanza, kana kwamba mimi ndiye mwanamume wa nje. Skuli, wenzangu walinipisha njia huku wakiniimbia kwa sauti nyembamba, "Niache nilie, mwanangu." Ami aliulizwa msikitini. Alijibu kuwa hakuna mwanamume aliyeingia, na wazee wakababaika, kwa kuwa kweli hakuna aliyeingia.

Ami amefariki mwaka huu. Kamati inataka kumfanyia hafla Gombani, na kwa kuwa nina shahada na sina kazi, nimepewa niandike maisha yake. Wanataka pia kukionesha kipande cha mama. Wanasema ndicho bora kuliko vyote alivyofanya Ami, na mwishoni jina langu limeandikwa, mpiga picha. Kanda wanayo, wanachotaka ni nikawaombee ruhusa ya mama. Nimeandika "alikuwa wa mwanzo", nikafuta, nikaandika tena. Huenda ni chuki yangu tu. Siku hizi kila msiba una simu zilizonyanyuliwa, na mtu hutazamwa akilia na wasiomjua kabla machozi hayajakauka, wala msikitini haulizwi mtu.

Siku ya mahafali yangu nilinyanyua simu nimpige mama picha. Alikuwa akicheka na shangazi. Alijua kabla sijamwita. Katika picha ile kuna shada la maua, mkono, na ukingo wa buibui ulioziba uso wote. Hiyo ndiyo niliyowapelekea kamati, badala ya ruhusa.