Ndevu za Kaseba

Jumatano, tarehe 10 Septemba 2025. Upepo mkavu wa vumbi tangu asubuhi, jua kali, angani hakuna hata wingu moja.

Saa nane mchana Elisante Mbwambo alitoka chumbani kwao, mtaa wa Bellevue, kwenda kununua mkate, kofia ameivuta hadi kwenye nyusi. Kofia haikuficha ndevu. Zilikuwa ndefu, nyeupe pembeni na nyeusi katikati, na nusu ya jiji ilizijua.

Mkewe, Lerato, alikutana naye Morogoro alipokuwa mkimbizi huko, na mwaka 1993 akamleta kwao Johannesburg. Miaka miwili baadaye watu wa filamu walikuwa wakitafuta mwasi mwenye sura ya kutisha na lugha isiyojulikana pale. Elisante, fundi viatu mpole, akafoka kwa Kipare, akapigwa risasi dakika ya saba. Tangu hapo hakukosa kazi: mlanguzi, mganga tapeli, kanali wa waasi. Kwa miaka thelathini hakuna filamu aliyoimaliza akiwa hai. Ndipo mwaka huu akampata Kaseba, muuza dawa za kulevya katika tamthilia ya jioni. Kaseba alikuwa ameishi vipindi arobaini. Mkataba ulisema asiguse hata unywele mmoja mpaka kazi iishe, maana mtu hawezi kuingia mlangoni na ndevu akatokea ndani hana.

Taabu ni kwamba majuma yale makundi yalipita mitaani yakiwasaka wageni.

Kundi moja lilikuwa limesimama mbele ya spaza, duka dogo la Othmani alikonunua mkate kila siku.

"Kaseba! Leo walinzi wako wapi?" kijana mmoja alipaza sauti, wenzake wakacheka. Elisante naye akajilazimisha kucheka.

Mama mmoja mwenye fimbo hakucheka. "Ndiye huyu anayetuharibia watoto."

"Mama, ile ni tamthilia tu. Mimi ni mwigizaji."

"Msikieni! Hata sauti ni hiyohiyo." Alisogea karibu. "Mwanangu amelazwa kwa dawa zako."

Kicheko kikakatika. Yule kijana mtani akamkamata mkono, na Elisante hakujua kama huo bado ni mzaha. Othmani ndiye aliyemvuta ndani na kushusha mlango wa chuma. Fimbo zikaanza kupiga bati. Elisante alipitia uani akaruka ukuta, mtu wa miaka sitini na mitatu.

Nyumbani Lerato alimwosha magoti yaliyochubuka.

"Nyoa. Eish, Baba Brightness, nyoa sasa hivi, kioo nitashika mimi."

"Nikinyoa, mji huu hakuna atakayeniita tena. Vimebaki vipindi sita tu."

"Na wakikukuta kabla ya hivyo sita?"

Nje mtu alipita akipiga mluzi, na wote wawili wakanyamaza mpaka mluzi ukaisha. Kisha Elisante akampigia simu André, mwongozaji wa tamthilia.

"Niueni kesho."

"Elisante, Kaseba anafika kipindi cha mwisho. Anawatoroka polisi, anavuka mpaka. Wewe ndiye wa kwanza niliyemwandikia mwisho kama huo."

"Najua. Niueni."

"Ukifa huwezi kurudi."

"Sirudi."

"Saa mbili asubuhi, kwenye ile karakana ya Doornfontein," André akasema.

Asubuhi iliyofuata, kabla hakujapambazuka, jirani yao Mkongo, Parfait, alimlaza nyuma ya gari lake la mizigo na kumfunika magodoro. Kwenye kila robot, kama waitavyo huko taa za barabarani, nyekundu ilipowasimamisha, Elisante alibana pumzi akisikiliza nyayo za wapita njia. Saa tatu Kaseba alipigwa risasi nyuma ya karakana. Ikabidi warudie mara nne, kwa kuwa maiti alikuwa akitetemeka. Mara ya tano alitulia. André alipotamka kwamba yatosha, Elisante aliinuka na kuomba wembe, kabla hata hajafutwa damu ya rangi shingoni.