Mama Aliyelia kwa Niaba ya Kichanga
Katika studio ya televisheni pale Chicago, enzi za michezo ya kuigiza kurushwa papo kwa papo, mama mmoja mnene alikuwa na kazi moja: kulia kama kichanga nyuma ya pazia, huku mwanasesere amelazwa kitandani mbele ya kamera. Kila mara alilegeza kola, akaziba mdomo kwa leso, akalia hadi mafundi wa taa wakambembeleza kwa mzaha.

Jumanne moja Doreen, aliyeigiza mzazi wa kichanga, alipotewa na maneno mbele ya watazamaji. Mara kichanga kikaangua kilio kisichokuwamo mchezoni. Doreen akakimbilia kitanda, akainama, akasikia mnong'ono kutoka nyuma ya pazia: "Sema, 'Baba yako karudi,' kisha nibembeleze kidogo." Akasema, mchezo ukaendelea.

Baadaye Doreen alimkuta yule mama akitafuna donati. "Maneno yangu uliyajuaje, mama?"

"Mwanao husikia yote, bibie," akajibu, akimsogezea boksi la donati.