Mkono wa Kulia wa Kaunda Suti

Niseme ukweli mwanzoni kabisa: kaunda suti aliyovaa bosi wangu siku ya kura za maoni niliiharibu mimi.

Sikusomea ushonaji popote. Nilinunua makoti ya mitumba yaliyochakaa, nikayafumua mshono kwa mshono juu ya kitanda changu, nikachora kila kipande kwenye gazeti. Ukijifunza hivyo, hofu haikuishii. Napima mara tatu, naenda chooni, narudi kupima tena. Akina mama wa cherehani kiwandani kwetu Ngarenaro wananiita Daktari, na si kwa kunisifu.

Bosi alikuja kutoka Burundi akiwa kijana, akaanza na cherehani moja kwenye baraza ya duka la mtu. Leo sare zetu zinavaliwa na watoto wa shule mpaka juu kabisa mlimani Meru. Alioa kwa Wameru, akajenga Kikatiti, akapata uraia. Halafu asubuhi moja akasimama katikati ya mashine akasema anagombea ubunge. Tulipagawa! Tuligonga meza kwa mikasi mpaka majirani wakaja kuuliza kuna nini.

Siku hiyo hiyo akanikabidhi kitambaa cha kijivu alichokuja nacho kutoka kwao, ambacho hakuwahi kukigusa.

"Kilikuwa kinasubiri siku yake," alisema. "Kata wewe, mwanangu."

Kwa kawaida kitambaa hukunjwa mara mbili, kwa hiyo ukikata mkono mmoja unapata yote miwili, wa kulia na wa kushoto. Mimi niliogopa tabaka la chini lisije likateleza hata kwa unene wa unywele. Nikakitandaza bila kukikunja, nikakata mkono wa kwanza, nikahamisha karatasi ya kipimo bila kuipindua, nikakata wa pili. Nilikata vizuri kuliko siku zote za maisha yangu. Yote miwili ya kushoto.

Kilichobaki kilitosha kola na mifuko tu. Sikuwa na njia ila kugeuza mkono mmoja, upande wa ndani uwe nje. Upande wa nje ulikuwa na mng'ao kidogo; wa ndani ulikuwa umefifia. Hakuna atakayeona, nilijiambia. Nikashona, nikapiga pasi, nikashindwa kula siku mbili. Asubuhi ya mkutano wa kura za maoni nikaenda ofisini kwake.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Mbona unatetemeka?"

"Mkono wa kulia nimeugeuza. Nilikata miwili ya kushoto."

Aliichukua suti akaenda nayo dirishani, akaugeuza mkono huku na huku kwenye mwanga. Kisha akacheka mpaka akakaa chini.

"Miwili ya kushoto! Mimi nilikata sita, nikamwambia tajiri wangu panya wamekula."

"Vaa nyingine, mzee. Nakuomba."

"Navaa hii hii."

Ukumbi wa Kikatiti ulijaa wajumbe siku ile. Tulikaa nyuma kabisa, mimi na akina mama wa cherehani, wakinibana mikono kwa furaha. Wagombea wengine waliulizwa habari za barabara na bei ya kahawa. Zamu ya bosi ilipofika, mzee mmoja wa koti jeusi akasimama taratibu.

"Wewe umetoka Burundi. Sisi tuko hapa tangu babu zetu. Ukituharibia huko bungeni, utakuja kutuambia, au utapanda basi urudi kwenu?"

Nikajua tumekwisha.

Bosi akanyoosha mkono wake wa kulia mbele ya wote.

"Mzee wangu, shikamoo. Utazame mkono huu. Fundi wangu alikosea kukata, kitambaa kikageuzwa. Angeweza kunyamaza. Alikuja kuniambia mwenyewe, anatetemeka. Nami nikikosea nitakuja hapa hapa, nikitetemeka hivyo hivyo."

"Nimeuona tangu unapanda jukwaani!" mama mmoja akapaza sauti kutoka viti vya mbele. "Mimi ni fundi hapa sokoni. Nikasema, ala, mwenye kiwanda anavaa kinyume?"

Watu wakaangua kicheko.

"Basi mama," bosi akajibu, "ukinipa kura uendelee kunitazama hivyo hivyo."

"Nitakutazama mpaka uchoke!"

Hata yule mzee wa koti jeusi alikuwa anacheka, kiganja mdomoni. Mimi nilikuwa nimejificha chini ya benchi, nikijifanya natafuta kiatu. Huko chini ndiko nilikokuwa kura ziliposomwa na bosi akaongoza, na akina mama wakanivuta kwa miguu kunitoa.

Kampeni zikapita, akashinda. Niliagiza kitambaa cha kijivu kinachofanana, nikamwomba nimshonee mkono mpya kabla hajaenda Dodoma. Alikataa.

Siku ya kiapo tulizima mashine zote, tukaleta televisheni. Jina lake lilipoitwa, kiwanda kizima kilipiga vigelegele, mtu akamwaga chai, mimi nikapanda juu ya meza ya kukatia. Akainua kitabu kitakatifu kwa mkono wa kulia, juu kabisa, mbele ya taa zote za bunge.

Nikalia. Kisha, Mungu anisamehe, nikaona mshono wa kwapani umejivuta kidogo.